Nyumba ya Mirbaz Haijambo?

Hebu nyosheni mikono niione. Ya kulia. Haya, vinyweleo bado vimejaa, kwa hiyo hamjawa waokaji. Mnachezea unga tu. Tazameni wangu mie. Uliunguzwa na tanuri Maskati ujanani, umebaki laini hivi mpaka leo, na mwenye mkono huu haulizwi cheti.

Nimeanza na mzaha kwa sababu nnajua mmekuja mmenuna. Jana mlifika hapa nyuma ya nyumba yangu, moto umeshawaka, unga umeshaumuka, nikawafukuza kama kuku na mlango wa uani nikaufunga. Mmoja wenu nilimsikia njiani akisema, "Mzee Hamad akili zishaanza kumtoka." Sikukasirika. Lakini kabla hamjakitangazia kijiji kizima cha Vitongoji, kaeni niwaambie kisa chenyewe, na wale mnaosubiri viza za kwenda Ghuba ndio mtege masikio zaidi.

Mirbaz mnamjua. Hamjamwona, lakini sauti yake mmeizoea kwenye simu yangu kila Ijumaa baada ya sala: sauti nzito, Kiarabu kibovu kama changu, na nyuma yake mbuzi wanalia. Nimeoka naye mkate kwenye mdomo wa tanuri moja miaka mingi. Sasa yuko kwao Waziristani, milimani, kule Pakistani inakopakana na Afghanistani. Basi tangu mwezi wa Ramadhani uishe, Ijumaa zinakuja zinapita, simu kimya. Nikimtumia salamu inabaki tiki moja, haijamfikia. Redio nayo, mara inasema kule milimani kuna mapigano, mara watu wameambiwa wahame vijiji vyao. Bi Riziki wangu kila nikirudi msikitini ananisubiri mlangoni.

"Kasema?"

"Hajasema."

Anarudi jikoni kwake. Wiki zote hizi nimekaa roho juu, mkate unaungua mbele ya macho yangu, nanyi mnakonyezana. Nimewaona. Sijapofuka.

Ngojeni niwatoe mbali kidogo, maana bila ya tanuri hamtaelewa. Mama yangu, Mungu amrehemu, alikuwa akioka mkate wa mofa hapa hapa kijijini. Unga wa mtama, anaubandika kwa kiganja ukutani mwa mofa, kile kitanuri cha udongo, jioni tunaula na pweza. Kwa hiyo ndugu yangu aliponipeleka kwenye duka la mikate Maskati na tajiri akauliza, "Unajua tanuri?" nikamjibu, "Nimezaliwa humo ndani." Domo hilo! Tanuri la kule ni mtungi mkubwa wa udongo uliofukiwa mpaka shingoni, moto uko chini, nawe umeinama juu yake kama unachungulia kisima. Mkate wangu wa kwanza ulishika ukuta kidogo, nikajisifu moyoni, ukaanguka motoni. Wa pili ukamfuata mwenzake. Foleni imefika mlangoni, watu wanataka mkate wa kufuturia, na mie nawachomea unga.

Mkuu wa tanuri alikuwa mzee mmoja wa kabila la Mirbaz, tuliyemwita Haji Baba. Hakugomba. Alichovya kitambaa kwenye maji ya chumvi akapangusa ukuta wa tanuri, ukalia shhh. Akaniambia kwa vitendo zaidi kuliko maneno: unga wa mtama mzito, unajishika wenyewe, lakini huu wa ngano unataka mgongo wake uwe na majimaji. Ulaze juu ya mto mdogo wa nguo, uinamie, uupige ukutani mara moja bila woga. Ukisitasita umeanguka. Hilo ndilo mnalolikosea nyie mpaka leo, mnaubembeleza mkate kama mnambembeleza mchumba. Na joto msilipime kwa kidole. Rusha unga kidogo ukutani. Ukiwa mweusi papo hapo, ngoja, na ukipata rangi ya chai, bandika.

Mirbaz alikuwa upande wa pili. Mie nabandika, yeye anang'oa kwa vyuma viwili vyenye ncha iliyopinda. Kazi ya watu wawili vile haina nafasi ya kununiana. Kichwa changu kimo ndani, vyuma vyake vinapita karibu na sikio, na yeye ndiye anayeona. Lazima aseme "toa!" nami nitoe mkono. Asiposema, umeungua. Likumbukeni hilo, tutalirudia.

Watu wa kwao hujiita Wapashtuni. Maskati kila mtu akiwaita Mapathani, na akiwaogopa. Ukitaja Waziristani, hata Mapathani wa mjini wakisogea kando kidogo. Ilikuwa nchi ya makabila yenyewe kwa yenyewe, Mwingereza aliihangaikia mpaka akachoka. Mambo yao wakiyaamua wazee, wanakaa duara wanasema mpaka wakubaliane, hata ikichukua siku kadhaa. Siku hizi serikali imeiunganisha na mkoa wa jirani, lakini Mirbaz akisema "kwetu" hasemi mkoa, anasema Waziristani. Lugha yao nayo wenzake wa mjini wakiicheka, wanaiga anavyotamka neno "mama" wanaanguka kwa kicheko. Nikamwambia, usijali yakhe, mie nikishuka Unguja nikiomba maji tu washajua huyu katoka Pemba, wanaanza kuniigiza. Akataka nimwigizie wanavyoniigiza. Hapo ndipo urafiki ulipoanza, wa watu wawili wanaochekwa na ndugu zao.

Alinieleza jambo moja nililipenda. Kipashto, hiyo lugha yao, kwao si cha kusema tu, ni cha kufanya. Mtu akimfukuza mgeni mlangoni wanasema huyu hana Kipashto, japo anakisema tangu kuzaliwa. Nikaelewa mara moja, kwani na sisi tuna uungwana. Haukuandikwa popote, ila mtu akiukosa, kijiji kizima kinajua. Akanieleza chumba chao cha wageni, kimejengwa mbali na nyumba ya ndani. Wanaume wanakutana humo, mpita njia analala humo, chai haikatiki. Nikamwambia hiyo ni baraza, mmeitia kuta kwa sababu ya theluji. Alicheka sana. Salamu yao wakikutana njiani ni "Usichoke," nawe unajibu, "Usidhalilike." Nikaizoea mpaka nikawa namsalimia hivyo ndugu yangu mwenyewe, anashangaa.

Sasa kosa langu. Zama hizo simu za mkononi hazijaenea, habari za nyumbani zikija kwa kaseti. Kaseti za kwetu waulizeni mama zenu: anaanza mama mzazi na dua, anafuata mke, analia kidogo, kisha machozi hayajakauka anaagiza kanga na rangi yake anaitaja, watoto wanagombea redio, na mwishoni jirani anatia salamu ambazo hakuombwa. Ya Mirbaz ilifika alasiri moja, akaitia redioni pale pale dukani. Baba yake akasema. Kaka zake wakasema. Watoto wakasoma Fatiha, jogoo akawika, kaseti ikakwisha. Mirbaz akaigeuza upande wa pili, kitupu. Nikaona imepungua kitu. Nikamuuliza kwa sauti, mbele ya foleni nzima, kwa nia safi kabisa:

"Na mkeo je? Mbona hakukusalimu? Anaitwa nani, nimwambie mama yangu amuombee dua?"

Lahaula! Kulikuwa na Mapathani wenzake pale. Mmoja akatazama viatu vyake, mwingine akatoka bila ya mkate wake. Mirbaz alikuwa na vyuma mkononi. Akaviweka chini polepole mno, akatoka nje. Nami bado nimesimama na tabasamu langu, sijui nimefanya nini.

Mnacheka. Chekeni, chekeni, mtafika huko. Kwetu Pemba usipomuulizia mtu mkewe umekosa adabu. Mama watoto hajambo, mkwe hajambo, yule mtoto aliyekuwa na kikohozi hajambo, tunauliza mpaka ng'ombe. Kwao mke hatajwi nje. Jina lake linakaa ndani kama yeye mwenyewe anavyokaa, na mwanamume wa pembeni akilidai hadharani, amemvua mumewe nguo mbele ya kabila lake.

Kesho yake alikuja kazini kama kawaida. Hakunitukana, hakunigusa. Ila ile "toa!" haikusemwa tena. Naingiza kichwa, nasikia vyuma vinashuka, sijui viko wapi. Nikaanza kutoa mkono mapema, mikate ikawa inaanguka. Nikajikaza kuuacha, nikaungua. Kovu lenyewe hili, mlilolizoea mkidhani la pasi. Nilishasikia habari za visasi vyao, kwamba mtu anaweza kungoja mpaka mvi zimtoke, kisha akaja kulipiza. Kila akinipita nyuma, nageuka nimtazame. Nikamwambia tajiri nataka kurudi Pemba, na begi nikaanza kulifunga.

Haji Baba akanikuta nimepiga magoti juu ya begi.

"Unakwenda wapi?"

"Nyumbani, kabla hajaniua."

"Ukikimbia utakuwa umemtukana mara mbili. Ingia kwake."

"Niingie kwake? Haji, umenichoka?"

"Ndani kwake ndiko asikokuweza," akasema. "Ndiyo Kipashto chetu. Aliyekosa akiingia mwenyewe kwa aliyemkosea, mikono mitupu, na mnyama wa kuchinja, harudishwi. Hata kama kamwaga damu. Sembuse wewe uliyemwaga maneno."

"Mnyama gani?"

"Kondoo."

Hebu niambieni, mie kondoo ningempata wapi Maskati, na ningempandisha vipi ngazi za lile jengo tulimokuwa tukilala? Nikaenda dukani nikanunua kuku. Kuku wa barafu, ndani ya mfuko, mgumu kama jiwe.

Ilikuwa siku ya mapumziko, jua limesimama. Mpaka nafika mlangoni kwa Mirbaz kuku ameshaanza kuyeyuka, ananidondoshea maji kwenye viatu. Nikaingia kwa mguu wa kulia na Bismillahi ya kweli kweli. Alikuwa amekaa peke yake kwenye mkeka, ile redio ya kaseti mbele yake. Nikakaa chini, nikamweka kuku katikati yetu, nikasema maneno niliyofundishwa: "Mirbaz, nimeingia."

Akamtazama kuku. Akamtazama tena.

"Huyu nani?"

"Kondoo."

"Kachinjwa?"

"Ameandikwa halali hapo ubavuni."

Mashavu yakaanza kumtetemeka. Alijizuia, masikini, kwa heshima ya jambo lenyewe, lakini akapasuka. Alicheka mpaka akajishika mbavu, nami nikacheka kwa woga, kuku anavuja mkekani. Halafu nikaona machozi yake si ya kicheko tena.

"Unajua kwa nini ulinichoma?" akaniambia. "Kaseti ile nimeisikiliza kutwa. Nyumba yangu inaumwa, nilipata fununu kwa mtu aliyetoka huko. Natafuta habari yake kwenye maneno ya baba, kwenye maneno ya kaka, sikuipata. Mimi siwezi kumuuliza baba yangu, nitaona haya. Wewe ukauliza, kwa sauti, mbele ya watu, kile kile nilichokuwa nikikitafuta."

Niliona haya na huruma kwa pamoja. Nilidhani mtu huyu hamjali mkewe, kumbe amekaa peke yake chumbani anamsikiliza kwenye kaseti asimokuwamo.

Akafuta uso kwa kilemba. "Ukitaka kujua, uliza nyumba. Sema: nyumba haijambo? Nitakujibu, na utafahamu. Jina usiniulize tena."

"Sikuulizi."

Tukampika yule kondoo wetu na bamia, Haji Baba akaja kula, akasema katika maisha yake hajaona maridhiano ya namna hiyo, na wazee wa Waziristani wakisikia watafunga mlango kwa aibu. Kesho yake kichwa kimo ndani ya tanuri nikasikia "toa!" mpaka moyo ukanitua.

Nyumba ikapona. Miaka yote iliyofuata nikawa nauliza nyumba. "Nyumba imepata mtoto wa kiume." "Nyumba imenuna, nimechelewa kutuma zawadi." Naye akiniuliza hivyo hivyo yangu, hata baada ya sote kurudi makwetu na hizi simu zikaja. Bi Riziki akisikia, anapiga kelele kutoka jikoni: "Mwambie nyumba ina jina! Inaitwa Riziki!" Mirbaz anacheka, kisha anakohoa, halafu anabadilisha mazungumzo. Hakuwahi kulitamka.

Mambo ya kazi yalibadilika, hilo nalo mlijue. Kuni zikaondoka, ikaja gesi, ikaja na mashine ya kukanda. Mkate unatoka mwingi, mkono unapumzika. Mirbaz akisema mkate wa gesi hauna Kipashto, nami nikimwambia hauna mama. Ndiyo maana hapa kwangu mnachanja kuni na mnanung'unika. Alipokuwa anaondoka Maskati kwa mara ya mwisho nilimpa mfuko wa karafuu za Pemba, za kule Ole, yeye akanipa njugu za misonobari ya milima yao, nyembamba ndefu, tamu ajabu. Bi Riziki alizipanda nyingine uani hapa. Hazikuota.

Sasa jana.

Mlikuwa mnapiga hodi mlango wa mbele, mie niko hapa natazama rangi ya unga ukutani, simu ikatetemeka mfukoni, ujumbe wa sauti umeingia. Yeye. Nilishika ile simu nikashindwa kubonyeza, vidole vimejaa unga, nikavipangusa nguoni. Nikabonyeza. Hakuna mbuzi. Kuna magari, kuna watu wanaita, mlango unagongwagongwa.

"Hamad, usichoke," akasema. Sauti imepungua nusu. Akasema wametoka kijijini kwa miguu, kisha wakapata lori. Mtandao milimani ulikatwa, ndiyo sababu ya kimya. Wako mji wa chini, hospitali. "Nyumba inaumwa sana. Ilitembea kwenye baridi, kifua kimejaa. Daktari ananitazama, hasemi kitu."

Nikaitazama simu. Nilidhani imekatika. Nikaona bado inakwenda.

"Zamani uliniuliza jina, ili mama yako amuombee. Mama yako hayupo tena. Basi mwambie Riziki." Alisema Riziki, kwa mdomo wake. "Mwambie Riziki amuombee, na dua inataka jina."

Akalitaja. Polepole, kama mtu anayekukabidhi chombo cha udongo na hakiachii mpaka aone umekishika.

Hapo ndipo nilipowasikia nyie mnaingia uani, mnacheka, na sauti yake bado iko hewani. Ndiyo nikawafukuza. Nisameheni, lakini hata leo ningewafukuza. Niliifunga simu, nikaenda ndani, nikamtajia Bi Riziki jina hilo sikioni katika nyumba yetu wenyewe, wawili peke yetu. Yule mwanamke wa mizaha hakufanya mzaha. Alinawa mikono iliyokuwa na samaki, akatia udhu, akatandika msala. Mpaka Magharibi hajainuka.

Nimemjibu. Nimemwambia usidhalilike, na kwamba Riziki yuko kwenye msala. Tiki moja. Nimeitazama alfajiri, tiki moja. Nimeitazama sasa hivi mlipokuwa mnakaa. Naogopa, wanangu, nawaambia kweli, naogopa simu ikilia na naogopa isipolia.

Basi inukeni, joto limefika. Mkate wa leo hauuzwi hata mmoja. Mtaupeleka msikitini na kwenye chuo cha Kurani, watoto wale, watu wazima wale, waombe. Mtaulizwa dua ya nani, mtasema ya mgonjwa. Na kwa vile hawa ni Wapemba na hawawezi kujizuia, watataka jina. Jina liko kwa Bi Riziki, na Mwenyezi Mungu keshalisikia. Nyie semeni nyumba ya Mirbaz.